Subira ya Catherine Ndereba: imempa Boston, imemnyima Beijing

Haya ni maneno niliyoongea Jumamosi asubuhi baada ya mazoezi, tukiwa kwenye ngazi za uwanja wa shule pale tunapokunywaga uji. Waliokuwa safari na waliochelewa (mnajijua) wakaniomba niyaandike. Nimeyaandika kama yalivyonitoka mdomoni, nimeongeza vitu viwili vitatu ambavyo siku ile nilivisahau.

Assalaam aleikum. Bwana asifiwe. Na ambao hamjaitikia popote, habari za asubuhi.

Mama mwenyekiti, kocha wetu, mama zangu, dada zangu, na kaka zetu watatu ambao mmekaa kule mwisho kama mmekuja kudai deni, karibuni sogeeni. Mwenyekiti kaniambia nna dakika 20. Mi ni mwalimu, dakika 20 kwangu ni kuita majina tu, lakini ntajitahidi.

Naanza na malalamiko. Wiki iliyopita tulivyoanza nyie mlitimka kama mmeona nyuki. Kilomita ya tatu mko mbele huko mnacheka mnapiga selfi, sisi wazee wa nyuma tunawaona migongo tu, haya, sawa. Kilomita ya tisa naanza kuwaokota mmoja mmoja, huyu kashika kiuno, yule kakaa kwenye jiwe anaulizia bajaji, mwingine ananiambia mwalimu nimebanwa na kichomi. Kichomi gani? Umeanza mbio za kilomita 12 kama unamkimbiza mwizi wa simu, hicho kichomi ungekikwepaje?

Na siwacheki, maana mi mwenyewe nilishafanya. Nusu marathoni yangu ya kwanza, hapa hapa mjini, nilikuwa na miaka 38, raba mpya, tisheti mpya, bunduki ilivyolia nikaondoka na vijana. Kilomita 5 najiona mimi ndo mimi. Kilomita 10 bado nawapungia watu. Kilomita ya 16 miguu ikawa si yangu, yaani naituma haiendi, na kilomita ya 17 akanipita mama mmoja mtu mzima, kajifunga kanga kiunoni juu ya suruali ya trakisuti, anakimbia taratibuu kama anaenda sokoni, akanigeukia akaniambia pole mwanangu. Nililia. Sio kwa maumivu, kwa ile pole.

Sasa baada ya pale ndo nikaanza kusoma habari za wakimbiaji wa kike, kutafuta nani anajua kukimbia kama yule mama, na nikampata. Anaitwa Catherine Ndereba. Wangapi mnamjua? Mikono... sita. Haya, sita kati ya arobaini, basi dakika 20 hazitotosha.

Catherine Ndereba kazaliwa tarehe 21 Julai 1972, kijiji kinaitwa Gatunganga, Nyeri, Kenya. Nyeri iko upande wa Mlima Kenya, sio Eldoret wala Iten ambako kila mtu anadhani wakimbiaji wote wa Kenya wanaota kama uyoga. Na huo mwaka 1972 ukariri, maana ndo mwaka ambao Boston, marathoni kongwe kuliko zote zinazokimbiwa kila mwaka, ilikubali rasmi wanawake kushiriki. Kabla ya hapo mwanamke akitaka kukimbia aingie kwa kuiba. Mwaka 1967 kuna dada mmoja Kathrine Switzer alijiandikisha kwa herufi za kwanza za majina yake, hawakujua ni mwanamke, ofisa wa mbio akamkimbilia barabarani akitaka kumnyang'anya namba kifuani. Kisa watu waliamini mwili wa mwanamke hauwezi kilomita 42. Olimpiki ndo walichelewa kabisa, marathoni ya wanawake imeingia 1984, Los Angeles, binti wa Nyeri ana miaka 12 anaenda shule. Kwahiyo tunaposema huyu mama alishinda Boston mara nne, jueni ni mlango ambao alizaliwa ndo kwanza umefunguliwa.

Mwaka 1994 akaingia Magereza. Kenya huko majeshi na polisi na magereza ndo wanaolea wanariadha, kama sisi hapa na JWTZ, unapata mshahara, unapata kambi, unapata muda wa mazoezi. Akaanza kwenda Marekani kukimbia zile mbio za barabarani, kilomita 5, 10, 16, anashinda sana, mwaka 1996 akawa tayari jina. Afu 1997 akajifungua mtoto wa kike.

Hapa nataka tusimame kidogo.

Kuna mama hapa, simtaji, aliniambia mwalimu mi siku zangu zimepita, nimezaa wawili, mwili umeshaharibika. Mpendwa, Ndereba marathoni yake ya kwanza kabisa kaikimbia mwaka 1999, mtoto ana miaka miwili hivi! Yaani kila kitu ntakachowaambia kuanzia sasa, kila rekodi na kila medali, ni vya baada ya kuzaa. Kabla ya kuzaa hakuwa mkimbiaji wa marathoni. Na mumewe alikuwa anabaki nyumbani Kenya na mtoto, mama yuko Marekani kikazi. Kaka zetu watatu, mmesikia hiyo? Naona mmoja anafunga kamba za viatu ghafla.

Hiyo marathoni ya kwanza ilikuwa Boston, Aprili 1999, akawa wa sita, saa 2 dakika 28 na ushee. Novemba mwaka huohuo New York akawa wa pili. Mwaka 2000 akarudi Boston. Pale bingwa alikuwa Fatuma Roba wa Ethiopia, bingwa wa Olimpiki ya Atlanta, kashinda Boston mara tatu mfululizo 1997, 1998 na 1999, anataka ya nne. Ndereba akamkatalia. 2:26:11, mwanamke wa kwanza wa Kenya kushinda Boston. Oktoba akaenda Chicago akashinda na yenyewe, 2:21:33. Mwaka 2001 akarudia zote mbili, Boston tena, Chicago tena.

Hiyo Chicago ya 2001 niacheni niielezee. Miaka mingi wanawake walikuwa wanautafuta ukuta wa saa 2 na dakika 20. Ingrid Kristiansen wa Norway alikimbia 2:21:06 mwaka 1985, ikakaa miaka 13 mpaka Tegla Loroupe wa Kenya alipoishusha Rotterdam 1998, afu akaipunguza tena sekunde 4 Berlin 1999, 2:20:43. Sasa tarehe 30 Septemba 2001, Berlin, Mjapani Naoko Takahashi akawa mwanamke wa kwanza duniani kushuka chini ya 2:20, akakimbia 2:19:46. Japani nzima sherehe. Jumapili iliyofuata, tarehe 7 Oktoba, siku saba tu, Ndereba akiwa Chicago akakimbia 2:18:47. Karibu dakika nzima imeondoka! Takahashi wa watu hata keki hajamaliza.

Mpate picha, 2:18:47 ni kama dakika 3 na sekunde 17 kwa kila kilomita, mara 42. Sisi kundi letu la mbele, hao wanaojiita simba, wanakimbia kilomita moja kwa dakika 6 na nusu, afu wanakaa kwenye jiwe.

(Kichekesho cha siku hiyohiyo: upande wa wanaume alishinda Ben Kimondiu, ambaye alikuwa kalipwa aongoze kasi tu mwanzoni awasaidie wakubwa, afu atoke. Hakutoka. Akaendelea mpaka mwisho akamshinda Paul Tergat. Hiyo ntawaelezea siku nyingine.)

Haya, rekodi ya dunia anayo, Boston mbili, Chicago mbili. Watu walishaanza kumwita Catherine the Great, jina la yule malkia wa Urusi wa zamani. Hapo hadithi nyingi zingeishia, bingwa kapatikana, tupige makofi twende nyumbani. Lakini mi Ndereba naanza kumpenda kuanzia hapo alipoanza kushindwa.

Maana 2002 Boston akawa wa pili, kashindwa na Mkenya mwenzie Margaret Okayo, 2:20:43 kwa 2:21:12. Oktoba Chicago akawa wa pili, na safari hii Paula Radcliffe wa Uingereza akamchukulia na rekodi ya dunia, 2:17:18. Yeye Ndereba siku hiyo kakimbia 2:19:26, muda ambao miezi 13 nyuma ungekuwa rekodi ya dunia! Aprili 2003, London, Radcliffe tena, na hapo akafanya kitu ambacho watu walidhani saa imeharibika, 2:15:25. Ndereba wa pili, 2:19:55. Hesabuni wenyewe. Kaachwa dakika 4 na nusu. Dakika nne na nusu katika marathoni ni zaidi ya kilomita nzima, yaani mwenzio keshamaliza kavalishwa blanketi kapewa maji, wewe ndo kwanza unaiona ile kona ya mwisho.

Mi ningekuwa yeye ningerudi Nyeri nikafuge ng'ombe.

Yeye tarehe 31 Agosti mwaka huohuo akaenda Paris kwenye mashindano ya dunia akachukua dhahabu, 2:23:55. Radcliffe hakuwepo, sawa, nasikia mtu ananung'unika hapo, lakini mashindano unashindana na waliokuja. Waliokuja walikuwa Wajapani watatu hatari, na mmoja wao alikuwa kabinti kafupi, mita moja na nusu tu, anaitwa Mizuki Noguchi, akawa wa pili sekunde 19 nyuma. Mshikeni huyo Noguchi vizuri, anarudi.

Na nisogee pembeni nimtaje wetu kidogo. Alphonce Simbu mwaka jana, 2025, Aprili Boston wa pili, Septemba Tokyo bingwa wa dunia, kamshinda Mjerumani Amanal Petros kwa sehemu ya sekunde, wote wameandikiwa 2:09:48. Mimi niliruka nikamwaga chai. Aprili wa pili, miezi mitano mbele bingwa wa dunia. Ndereba 2003 ni njia ileile.

Turudi. Nimesema nampenda kwa anavyokimbia, sasa anakimbiaje? Anakaa nyuma. Yaani ndo hivyo tu, hamna uchawi. Wenzie wakichomoka hawafuati hovyo, anawaacha, anaangalia mwili wake. Mwili una petroli ya haraka ya aina moja, sukari iliyohifadhiwa kwenye misuli na ini, na kwa watu wengi hiyo inaanza kuisha kuanzia kilomita ya 30 hivi, na kadri unavyoanza kwa fujo ndo unavyoimaliza mapema. Ikishakata inabaki mafuta, mafuta yapo mengi (mimi nnayo ya kufika Morogoro) lakini yanaungua polepole, ndo pale unatuma mguu hauendi. Anayekaa nyuma kwa akili anafika kilomita ya 30 bado ana akiba. Anawakuta mbele wamekata.

Mfano mzuri kuliko yote ni Boston, Aprili 2005. Boston inadanganya, mwanzo wote inateremka, unajiona unaruka tu, kumbe mapaja yanapigwa nyundo kimyakimya. Afu kuanzia kama kilomita ya 26 vinakuja vilima vya Newton, kimoja baada ya kingine, cha mwisho wanakiita kilima cha kuvunja moyo, na kiko baada ya kilomita ya 32, yaani palepale petroli inapoisha. Aliyepanga hiyo njia sijui alikuwa na ugomvi na nani.

Sasa Elfenesh Alemu wa Ethiopia alikuwa na machungu. Mwaka uliopita, 2004, siku ya jua kali, alibanana na Ndereba karibu njia nzima mwishoni akashindwa kwa sekunde 16. Safari hii akasema simsubiri mtu. Akaondoka. Wanafika nusu ya njia Alemu yuko mbele kwa sekunde 80. Sekunde 80 kwa kasi yao ni karibu mita 400, mzunguko mzima wa uwanja. Yaani wewe upo hapa kwenye ngazi, mwenzio kashakuzunguka.

Wengi wetu hapo tunafanya moja kati ya mawili, ama tunakata tamaa tunasema basi leo ya pili inatosha, ama tunapaniki tunatimka kumfukuza ndani ya kilomita mbili tunakufa wote. Ndereba hakufanya hata moja. Alianza kumla kidogokidogo, sekunde tano hapa, sekunde kumi pale, kilomita baada ya kilomita. Vilima vikaja, Alemu miguu ikaanza kudai, na huko huko vilimani Ndereba akamkuta, akampita. Alimaliza 2:25:13, Alemu 2:27:03. Angalieni hiyo hesabu, katika nusu moja ya mbio katoka kuwa nyuma sekunde 80 mpaka kuwa mbele dakika 1 na sekunde 50. Boston ya nne. Hakukuwa na mwanamke aliyewahi kufikisha nne Boston.

Mnapiga makofi. Subirini kwanza.

Maana wazee wetu wanasema subira yavuta heri, na mi kitambaa chenye huo msemo nnacho ukutani, lakini subira ya Ndereba ilikuwa inavuta heri na kuna siku ilikuwa inavuta medali ya fedha. Hiyo nayo lazima niwaambie, nisije nikaonekana nauza dawa.

Athens 2004, Olimpiki, tarehe 22 Agosti. Mbio zinaanzia mji wenyewe wa Marathon, kule jina lilikotoka, saa 12 jioni, joto bado liko juu ya digrii 30, na njia inapanda inapanda mpaka kilomita ya 30 na kitu ndo inashuka mjini. Dunia nzima inamwangalia Radcliffe. Kwenye kilomita ya 25 hivi, kilimani, yule kabinti kafupi wa Paris, Noguchi, akaondoka. Kundi likapasuka. Ndereba akabaki na utaratibu wake, hakumfuata, akaanza kazi yake ya kuokota watu. Radcliffe joto lilimshinda, akakaa pembeni ya barabara analia, kilomita 6 zimebaki. Ndereba akampita Alemu, huyohuyo wa Boston, akabaki Noguchi peke yake mbele. Na anamwona! Kila kona pengo linapungua. Wanaingia ule uwanja wa zamani wa marumaru, Noguchi 2:26:20, Ndereba 2:26:32. Sekunde 12. Njia ingekuwa ndefu kidogo tu pengine tunaongea mengine, lakini marathoni ni kilomita 42 na mita 195, haiongezwi kwa ajili ya mtu mwenye subira.

Mwaka uliofuata Helsinki, mashindano ya dunia, Radcliffe alikuwa mzima, akashinda, Ndereba fedha 2:22:01. Wa tatu alikuwa Mromania, Constantina Tomescu, kaachwa na Ndereba sekunde 78. Huyu naye mshikeni.

Osaka 2007. Hii naipenda kwa sababu ni mbio za watu wa joto kama sisi. Wameanza saa 1 asubuhi na hewa tayari nzito, unyevu kama wa Dar mwezi wa pili, ule wa kufua nguo zisikauke. Hakuna aliyethubutu kukimbia kwa kasi, muda wa mshindi ni 2:30:37, polepole kuliko mbio zake zote nilizowatajia leo, ila thamani yake ndo hiyo. Ndereba dhahabu, Zhou Chunxiu wa China nyuma yake sekunde 8. Bingwa wa dunia mara mbili, ana miaka 35.

Afu Beijing 2008, tarehe 17 Agosti. Mi hii video nimeiangalia mara nyingi na kila mara naongea na simu. Noguchi hayupo, kaumia. Radcliffe yupo ila hajapona vizuri. Yaani kama kuna siku ya Ndereba kuchukua dhahabu ya Olimpiki ni ile. Mbio zikaanza taratibu mno, wote wanaviziana, unaangalia huku, unaangalia kule, nani ataanza. Nusu ya njia hivi, Tomescu akaondoka. Mama wa miaka 38! Kundi likamwangalia anaenda. Mi naamini kila mmoja alisema moyoni atarudi tu huyo, tunamjua, Helsinki tulimuacha. Na kila mmoja anamsubiri mwenzie ndo atoke akamfukuze, maana anayetoka anawakatia wengine upepo bure. Kilomita zinakatika. Pengo likafika zaidi ya dakika. Walipokuja kushtuka, mama yule anaona paa la uwanja.

Tomescu 2:26:44. Nyuma yake ndani ya uwanja Ndereba na Zhou wanagombea fedha, huyo Zhou wa Osaka, na mbele ya watu wa kwao, uwanja wote unampigia kelele yeye. Na Ndereba miguu anayo! Mita za mwisho anakimbia kama wa mita 800. 2:27:06 kwa 2:27:07. Sekunde moja.

Nikaona ile mbio ya mwisho ndo nikakasirika. Maana mtu mwenye miguu ya kumshinda Zhou kwa namna ile baada ya kilomita 42 alikuwa na akiba, na akiba ya marathoni huiweki benki, ukifika nayo mwisho haikusaidii kitu. Sekunde 22 ndo zilizomtenganisha na dhahabu. Kwangu mimi, na kocha naona anatikisa kichwa hakubaliani, siku ile alikaa nyuma sana. Kocha atasema ungekuwa wewe ungemfuata kwenye kilomita ya 21? Nisingemfuata, mi ningekuwa naulizia bajaji. Lakini swali libaki palepale, subira ileile iliyompa Boston 2005 ndo iliyomnyima Beijing, tofauti ni kwamba Boston aliyekuwa mbele alichoka, Beijing hakuchoka. Unajuaje kabla? Hujui. Yeye mwenyewe mwenye Boston nne na dhahabu mbili za dunia hakujua.

Mwisho mwisho nataka niwape kitu cha kwetu. Ile 2:18:47 ya Chicago iliyokuwa rekodi ya dunia mwaka 2001, mnajua kuna Mtanzania keshaipita? Magdalena Shauri, Berlin, Septemba 2023, wa tatu, 2:18:41. Sekunde 6 chini ya rekodi ya Ndereba! Rekodi ya taifa letu. Na wengi hapa hamkusikia, siku ile dunia yote ilikuwa inamwangalia aliyeshinda, Tigst Assefa wa Ethiopia, aliyekimbia 2:11:53. Najua mtaniambia raba za siku hizi zina bamba la kaboni ndani na sponji inayorusha, za 2001 zilikuwa soli tu, na mi nakubali, ukilinganisha watu wa nyakati mbili lazima viatu uvihesabu. Ila bamba halikimbii lenyewe. Nendeni mkamtafute kwenye simu zenu, nataka wiki ijayo nikiuliza Shauri nani mikono iwe arobaini.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Basi, la utaratibu: Jumamosi ijayo tunaanza saa 11 na nusu alfajiri, kilomita 14, maji kila mtu aje na yake, maana wiki hii nimenywewa chupa mbili. Kilomita 5 za kwanza naongoza mimi na mama Salma, na hakuna kutupita, mkiwa na haraka pigeni stori. Kuanzia kilomita ya 10 mko huru, anayetaka kuondoka aondoke, na mimi nitaamua hukohuko njiani kama nawafuata au nawasubiri.

Uji upo kwenye ndoo ya bluu. Sukari iko chini, koroga.